Bibi yangu anauzwa kwa sekunde London: nilipe, au nifanyeje?

#1 MjukuuWaOle
Assalaam alaykum jamani.
Natengeneza filamu ya dakika 26 juu ya wanawake wanaochambua karafuu Pemba. Katika kupekuapekua mtandaoni nikaangukia kipande cha sekunde 41, cheusi na cheupe, hakina sauti. Wanawake sita wamekaa juu ya jamvi wanachambua, karafuu huku, makonyo (vile vijiti vyake) huku. Mwanamme mmoja kasimama nyuma yao kavaa shati la mikono mifupi. Wa tatu kutoka kushoto ni bibi yangu mzaa mama.
Sikuwahi kumuona, alifariki kabla sijazaliwa. Lakini yule anachambua kwa mkono wa kushoto, na kwetu habari ya mashoto wa bibi anaijua kila mtoto. Alichapwa chuoni mpaka mwalimu akachoka yeye.
Maelezo yao chini ya picha: "Wanawake na viungo, Zanzibar, miaka ya 1950." Hamna kijiji, hamna jina la mtu.
Nikawaandikia wenye mkanda, nyumba moja ya kumbukumbu huko London. Wakanijibu kwa adabu zote: pauni 35 kwa sekunde, na hata nikitaka sekunde tano, nilipie 30. Hizo ni pauni 1,050, zaidi ya milioni tatu za kwetu. Kwa miaka mitano, Afrika peke yake, televisheni na matamasha. Mtandaoni bei nyengine. Filamu yangu nzima haina milioni tatu.
Suali langu: mtu anamnunua vipi bibi yake?

#2 Ngalawa
Pauni 35 kwa sekunde! Angejua, angekaa pale jamvini mpaka magharibi.

#3 Bara_Bado
Mkuu unajitesa. Kishushe, kata ile chapa ya pembeni, weka muziki wa taarabu juu, kazi kwisha. Nani atatoka London kuja kukukamata Pemba?

#4 WakiliKikwajuni
#3 ushauri huo ndio uliowatia watu wengi shimoni. Kitu kuwekwa YouTube si kupewa. British Pathé, wenye filamu za habari za zamani, walipandisha filamu kama 85,000 mwaka 2014, mwaka uliofuata shirika la habari la AP na British Movietone wakapandisha vipande 550,000. Hawakufanya sadaka, walifungua dirisha la duka. Unatazama bure, ukitaka kuondoka nacho unapita kwa mwenye duka.
Na hawana haja ya kuja Pemba. Mashine ya YouTube inalinganisha picha wenyewe wamelala, filamu yako inazuiwa au mapato yake yanakwenda kwao. Ukiipeleka kwenye kituo cha nje wataitaka karatasi ya kila sekunde ambayo hukuipiga wewe.

#5 Bara_Bado
Sawa mheshimiwa. Nimekaa hapa najifunza.

#6 BintiMachomane
Mimi nimefanya kazi hii miaka kadhaa, kuwatafutia picha za zamani watengenezaji wanaokuja visiwani. Filamu moja niliyoifanyia kazi ilikwama miezi minne kwa ajili ya sekunde nne za jahazi. Mhariri alizichomoa mahali, hakuandika wapi, na akahama kazi. Tulilitafuta jahazi lile kama mtoto aliyepotea. Mwisho tukalikata, tukaweka bahari tupu.
Kwa hiyo mleta uzi, kabla ya bei:
Omba nakala ya kutazamia, ile yenye chapa katikati na saa ya mkanda inayokimbia chini. Hiyo kwa kawaida hutolewa bure au kwa pesa ndogo. Hariri nayo. Kila unapotumia kipande andika daftarini: namba ya mkanda, saa ya kuanza, saa ya kuisha. Usilipe kitu mpaka filamu imefungwa na haikatwi tena, maana unaweza kulipia 30 ukatumia saba.
Halafu ile bei ya kwanza ni bei ya kwanza tu, kama kitambaa Darajani. Waambie hii ni filamu ya kwanza, ni ya tamasha, haina mfadhili. Uliza bei ya matamasha peke yake kwa miaka miwili. Na uliza sasa hivi, kwa maandishi, bei ya dunia nzima ingekuwa ngapi baadaye. Usiposhika bei mapema, siku filamu inapata mnunuzi ndiyo siku bei inapanda.

#7 KonyoKavu
Mnazunguka bure. Kazi ikipita miaka 50 hakimiliki imekufa. Miaka ya 1950 mpaka leo ni zaidi ya 70. Achukue.

#8 WakiliKikwajuni
#7 miaka 50 ya wapi? Hakimiliki si jambo la Muungano. Zanzibar tuna sheria yetu ya 2003, Bara wana yao ya 1999, na Uingereza wana yao. Hiyo 50 kwa filamu ni kiwango cha chini cha mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, nchi nyingi zimekwenda mbele zaidi. Uingereza leo filamu inahesabiwa miaka 70 baada ya kufa wa mwisho kati ya wanne: muongozaji, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo na mtunzi wa muziki.
Lakini kuna mlango. Filamu zilizopigwa kabla ya tarehe 1 Juni 1957 sheria yao haizihesabu kuwa filamu. Inazihesabu kama mlolongo wa picha za mnato, au mchezo wa kuigiza kama kuna hadithi ndani. Hesabu inakuwa ya aliyeshika kamera. Kwa hiyo "miaka ya 1950" haitoshi hata kidogo. 1956 na 1958 ni kesi mbili mbalimbali.
Na mlango wa pili: kama aliyepiga alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni kazini, hiyo ni hakimiliki ya Taji, na kwa filamu iliyotolewa hadharani ilidumu miaka 50. Imeshakwisha. Wanachokuuzia pale si haki, ni kazi ya kunakili.
Muulize mwenye mkanda suali moja tu: wewe unamiliki haki, au umeshika gurudumu la filamu?

#9 MjukuuWaOle
Ahsante sana sheikh. Sikuwahi kufikiri kwamba anayeniuzia anaweza kuwa si mwenyewe.

#10 BintiMachomane
Mara nyingi si mwenyewe. Bwana shamba au mke wa DC (mkuu wa wilaya wa kikoloni) alikuwa na kamera yake ndogo, akapiga, akarudi kwao, akafa, watoto wakakuta makopo darini wakayapeleka makumbusho. Bristol kulikuwa na makumbusho ya himaya iliyofungwa milango 2008, filamu za namna hiyo sasa ziko kwenye hifadhi ya mji wenyewe. Aliyekabidhi makopo si lazima alikabidhi na haki.
Kama mwenyewe hapatikani, Uingereza tangu 2014 wana utaratibu wa kuomba leseni ya kazi yatima. Lakini leseni ile inafanya kazi Uingereza tu, kwa hiyo wewe wa Ole, Pemba, haikufai, labda filamu ipelekwe huko.

#11 Ngalawa
Kazi yatima 😂 Kwa hiyo bibi ana mjukuu mzima hapa, lakini mkanda wake yatima.

#12 MzeeWaMalindi
Kijana, mimi nakwambia jengine. Hilo neno "Zanzibar" lililoandikwa na Mzungu usilishike. Kwao Zanzibar ni Unguja, na ni Pemba, na ni mji peke yake, vyote hivyo kwa neno moja. Tizama nyuma ya hao wanawake. Kama kuna kilima na bonde na kilima tena, hapo ni Pemba. Unguja haiinuki hivyo.
Tena tizama kanga. Jina likiwa kwa herufi za Kiarabu ni za zamani zaidi, herufi za Kizungu zilikuja kuzishinda baadaye. Na kama kuna bendera popote, hiyo ndiyo saa. Nyekundu tupu ni kabla ya tarehe 10 Disemba 1963. Nyekundu yenye duara la kijani na karafuu mbili za manjano ndani yake, umeokota dhahabu, maana ile ilipepea siku 33 tu mpaka tarehe 12 Januari 1964. Baada ya hapo bendera zilibadilika mbio mbio.
Za mji ni rahisi. Beit el Ajaib, lile jumba la maajabu la Forodhani, ikiwa na mnara wa saa mbele yake, ni baada ya vita vya 1896, na kabla ya Krismasi ya 2020 ulipoanguka.

#13 KonyoKavu
Mzee umegusa 1896. Video ya vita vile ninayo kwenye simu, Mwingereza anapiga mizinga kasri, moshi unatoka. Dakika 38 vita vimekwisha. Nikiipandisha hapa nitashitakiwa na nani?

#14 MzeeWaMalindi
Mwanangu, umeuziwa mbuzi kwenye gunia. Ndugu Lumière walionyesha sinema ya kulipia kiingilio Paris tarehe 28 Disemba 1895. Vita vyetu tarehe 27 Agosti 1896. Miezi minane tu! Nani alikuwa ameshafika Forodhani na kamera ya sinema akakaa kusubiri mizinga? Zipo picha za mnato za kasri lililobomoka. Watu wanazichukua, wanazisogeza kwa kompyuta, wanatia moshi.

#15 KonyoKavu
Moshi ni wa kompyuta? Astaghfirullah. Nimewatumia watu kundi zima la skuli.

#16 MjukuuWaOle
Mzee, kilima kipo nyuma, na mnazi umeinama. Kanga zimeandikwa lakini hazisomeki, ukikuza zinakuwa kama mchwa. Bendera hamna.

#17 Mkunazini72
Nauliza mie nisiye mjuzi. Kwa nini kila kitu kiko nje? Na katika hivyo vya nje kwa nini Pemba haimo? Unguja utaona Forodhani, utaona Princess Margaret kaja 1956 watu wamejipanga. Pemba unapata sekunde 41 za watu wasio na majina.

#18 Shamba_la_Makonyo
Kwa sababu waandishi wa habari walishuka melini Unguja wakapanda melini Unguja. Kuvuka Pemba ni safari nyengine, na karafuu za kupiga picha hata Unguja zilikuwepo. Gharama tu.

#19 MzeeWaMalindi
Si gharama peke yake. Picha zilikuwepo majumbani. Watu waliokuwa na kamera ni wenye uwezo, na wengi wa hao baada ya 1964 waliondoka: Maskati, Dubai, London. Mkoba mmoja mtu anatia nini? Wengine walichukua picha wakaacha vyombo. Na waliobaki, wako waliochoma wenyewe kwa hofu, picha ya harusi yenye mgeni fulani ndani yake ilikuwa inatisha. Hayo niliyaona kwa macho.

#20 FundiKanda
Na hewa. Msiisahau hewa. Filamu za asetati zikikaa kwenye joto na unyevu zinaoza zenyewe kwa ndani, ukifungua kopo linakupiga harufu ya siki. Kopo moja likianza linawaambukiza jirani zake. Kanda za video nazo, gundi inalainika, ukiiweka kwenye mashine inabandika kichwa. Na mashine zenyewe ziko wapi? Mimi nina U-matic mbili, moja nimeiua ili nyengine iishi.
Tena kanda zilikuwa ghali, watu wakirikodi juu ya zile zile. Msidhani ni umasikini wetu. BBC walifuta vipindi vyao wenyewe, mpaka leo vya Doctor Who vinavyokosekana ni karibu mia. NASA walifuta kanda za asili za siku ya kukanyaga mwezi, wakarikodi mambo mengine juu yake. Mwezi!

#21 Shamba_la_Makonyo
Visiwa vilikuwa na televisheni ya rangi mwanzo wa miaka ya 1970, Bara wakasubiri mpaka 1994. Miaka ishirini tulitazama peke yetu. Lakini vingi vilirushwa moja kwa moja hewani, havikurikodiwa hata mara moja, kwa hiyo hata hakuna cha kupotea. Ndiyo maelezo yangu mimi.

#22 Bara_Bado
Wakuu kumbe mlituringia tangu zamani 😂

#23 BintiMachomane
Mkunazini72, sababu nyengine ndogo lakini imenipotezea siku nyingi: tunatafuta kwa neno lisilo. Ukiandika "Pemba" kwenye hifadhi za Ulaya nusu ya majibu ni Msumbiji. Ule mji wao uliitwa Porto Amélia mpaka walipopata uhuru 1975, ndipo ukawa Pemba. Nimeshaletewa wavuvi wa Msumbiji nikaambiwa hawa ni watu wa Mkoani. Niliwatambua kwa tanga.
Waingereza wa zamani wakiandika Wete "Weti". Wajerumani wanaandika "Sansibar", kwa S. Ukiweka Z kwao hupati kitu, na wao ndio wana hazina. Ujerumani Mashariki walikuwa hapa tangu 1964, nyumba za Kikwajuni na Kilimani ni mkono wao. Jarida lao la sinema la kila wiki, Der Augenzeuge, lilitoka 1946 mpaka 1980. Lakini ujue kuna milango miwili: filamu za DEFA, studio ya sinema ya Ujerumani Mashariki, zina msimamizi wake, mambo ya televisheni ya Ujerumani Mashariki yako kwenye hifadhi ya utangazaji Potsdam-Babelsberg. Ukibisha mlango usio wako wanakujibu "hatuna", nawe unaamini haipo.
Na usitafute "karafuu" tu. Tafuta meli, kipindupindu, ziara ya gavana, mafunzo ya kilimo. Aliyeandika maelezo hakujua karafuu ni nini. Huyu wako kaandika "viungo".

#24 Tunguu_Moja
Kwetu Tunguu kulikuwa na kituo cha NASA cha kufuatilia vyombo vya Mercury, vile vya mwanzo vya Wamarekani kupeleka watu angani, watoto wa siku hizi ukiwaambia wanacheka. John Glenn alipoizunguka dunia tarehe 20 Februari 1962 Zanzibar ilikuwa moja ya vituo vya kusema naye. Kilichopigwa na serikali ya Marekani hakina hakimiliki kwao. Kiko hifadhi yao ya taifa College Park, Maryland, unalipa kunakili basi. Sasa Mmarekani ananipa bure picha za mitambo ya kijijini kwangu, Mwingereza anamuuza bibi wa mtu. Niambieni nani mkoloni.

#25 WakiliKikwajuni
Taratibu. Bure ni kwa kazi ya serikali yao tu. Studio ya Marekani ikipiga, miaka 95 tangu kutolewa.

#26 Mkunazini72
Na zile za Waitaliano za Januari 1964, zilizopigwa kutoka juu? Kila filamu ya mapinduzi inaweka zile zile.

#27 BintiMachomane
Zile zilitoka kwenye filamu ya 1966. Walipiga kutoka angani, hawakutua. Mimi mteja akinitaka zile, namuuliza kwanza: unajua unaonyesha nini, siku gani, wapi? Wengi hawajui, wanataka picha ya kutisha ya sekunde sita. Leseni unaweza kuinunua, ila leseni haikwambii nani amelala pale chini. Na wale wana watoto wao hai.

#28 Shamba_la_Makonyo
Hapo watu watabishana mpaka…

#29 Msimamizi
Uzi ni wa karafuu na hakimiliki. Za 1964 zina nyuzi zake. Turudi.

#30 FundiKanda
Narudi kwa bibi. Mleta uzi, umesema hakina sauti. Unajua kama hakijageuzwa?
Filamu ina pande mbili, wa kung'aa na wa dawa. Milimita 16 ya kimya mara nyingi ina matundu kote kuwili, kwa hiyo fundi anaweza kuitia kinyume kwenye skani na mashine isilalamike. Picha inatoka nzuri kabisa, ila kushoto kumekuwa kulia. Ya sauti ina matundu upande mmoja, ni vigumu kukosea. Nimeshaona gari inakwenda upande usio wake, nikadhani nchi nyengine, kumbe mkanda umelala kifudifudi.
Huyo mwanamme aliyesimama, mfuko wa shati uko upande gani?

#31 MjukuuWaOle
Subiri nitizame.
...
Upande wake wa kulia.

#32 Ngalawa
Yalaa!

#33 FundiKanda
Mfuko wa shati hukaa kushoto. Basi kipande kimegeuzwa. Na mashoto wako si mashoto.

#34 MjukuuWaOle
Jamani msinifanyie hivyo. Nimeshamwambia mama.

#35 WakiliKikwajuni
Ngoja ngoja. Kama kimegeuzwa, huyo wa tatu ndiye wa kulia, na wale wenzake watano wote ni mashoto! Kijiji gani hicho?

#36 KonyoKavu
😂😂😂 Ole.

#37 MjukuuWaOle
Si watano. Wawili wametupa mgongo, mmoja mikono yake imezibwa na lundo. Wanaoonekana vizuri ni watatu. Yule wa tatu na wengine wawili.

#38 Shamba_la_Makonyo
Nyote hamjapata kuchambua karafuu. Mkono mmoja unashika shada, unalisokota juu ya kiganja cha mkono wa pili, karafuu zinamwagika, konyo linabaki. Mikono yote miwili inafanya kazi. Ukichoka unabadilisha. Mama yangu alikuwa akibadilisha kila pishi. Huwezi kumjua mashoto kwa sekunde 41.

#39 FundiKanda
Na mfuko?

#40 Shamba_la_Makonyo
Mfuko labda fundi cherehani ndiye mashoto.

#41 Ngalawa
Uzi umefika pazuri.

#42 MzeeWaMalindi
Kanga. Kuza kanga, hata kama ni mchwa. Mchwa wa herufi za Kizungu ukigeuzwa unaonekana, hata usiposoma neno. Tafuta K au R, tizama miguu imeelekea wapi.

#43 BintiMachomane
Mzee amesema kweli, lakini kwa nakala ile ya mtandaoni hutaona. Waombe wakupe fremu moja kwa ukubwa kamili. Fremu moja ya utafiti haikataliwi mara nyingi. Na waambie kwa upole kwamba maelezo yao yana kasoro: si "viungo", ni karafuu, si "Zanzibar" tu, huenda ni Pemba, na huenda mkanda umegeuzwa. Hifadhi zinapenda kusahihishwa na mtu wa mahali. Nimeshapunguziwa bei kwa kuwaandikia majina ya majahazi. Unawapa kitu, nao wanakupa kitu.
Ila usiwape majina ya hao kina mama mpaka familia zao zikubali. Likishaingia kwenye katalogi yao halitoki.

#44 Tunguu_Moja
Kwani hapa kwetu hamna? Hifadhi ya nyaraka Kilimani ipo tangu 1956. Ameshakwenda?

#45 MjukuuWaOle
Nimekwenda. Filamu ya kile kijiji sikuona, lakini nilipata ripoti za idara ya kilimo, na picha tano za mnato za wachumaji, moja ina kilima kile kile. Yaani nadhani ni kile kile. Mnazi umeinama.

#46 Mkunazini72
Minazi yote ya Pemba imeinama.

#47 MjukuuWaOle
Wiki imepita, narudi na habari.
London wamejibu. Wanasema mkanda waliletewa na familia pamoja na makopo mengine, aliyepiga wana jina lake la ukoo tu, na karatasi ya kukabidhi haki "wanaitafuta". Bei wamesema isimame kwanza. Fremu kubwa wameniletea. Kanga ya wa nne ina herufi, mimi naona R imeelekea sawa, FundiKanda nimemtumia anaona imegeuka, na mke wake anasema ile si R, ni ua.
Jumamosi nikaenda Ole kwa mama mkubwa wangu, ndiye mtoto mkubwa wa bibi aliyebaki hai. Nikamuonyesha kwenye simu, akaomba miwani, akatizama mara tatu. Akasema: "Huyo wa tatu mimi simjui. Mama ni huyu aliyetupa mgongo, huyu wa mwisho. Mimi nimebebwa kwenye mgongo huo, nisiujue?" Kisha akauliza kama hao Wazungu wa London watampa yeye shilingi ngapi kwa kumpiga picha mama yake.

#48 Ngalawa
Suali la mama mkubwa linashinda uzi wote.

#49 WakiliKikwajuni
Kisheria anayepigwa picha hamiliki picha. Ila ningependa niwepo wakati wanamjibu.

#50 Bara_Bado
Kwa hiyo mkuu, yule wa tatu ulitaka kumlipia milioni tatu ni bibi wa nani?

#51 BintiMachomane
Nitumie hiyo fremu faragha. Mama yangu amesoma uzi huu juu ya bega langu tangu jana, na kwao Kangani walikuwa na mashoto wawili.